Nyonga ya Kushoto ya Verlin Haugen

Verlin Haugen ana miaka arobaini na mitano, ni fundi wa kufuli katika Mtaa wa Kumi na Nane, San Francisco, na kwa hesabu yake mwenyewe ameshawarudisha majumbani mwao watu wapatao elfu tatu. Wengi huwakuta wamesimama barazani na taulo kiunoni na gazeti mkononi, mlango umejifunga nyuma yao. Hawacheki. Huwapa koti lake, hupiga magoti mbele ya tundu la ufunguo, na kabla hawajamaliza kueleza walivyofika hapo mlango huwa umefunguka.

Ni mtu mfupi, mpana mabegani, mwenye masharubu ya rangi ya mchanga na tabia ya kusikiliza kabla ya kugusa. Kitita cha funguo thelathini na moja huning'inia kwenye mkanda wake. Kwa miaka ishirini na minane kitita hicho kilikaa upande wa kushoto. Alipewa mahali hapo na mjomba wake huko Minot, Dakota ya Kaskazini, alipoanza kujifunza kazi akiwa na miaka kumi na saba. Upande wa kulia ulikuwa wa mfuko wa vifaa: tupa, nyundo ndogo, waya. Funguo zikaenda kushoto kwa sababu ndiko palikobaki nafasi. Hakuna sababu nyingine.

Mwaka 1974 alihamia San Francisco, akapanga chumba kimoja nyuma ya duka lake, na ndani ya wiki moja akagundua kwamba nyonga yake inasema.

Katika mitaa inayoizunguka Castro, kitongoji lilipo duka hilo, wanaume wanaopenda wanaume hujitangaza kwa vitu vidogo. Leso kwenye mfuko wa nyuma wa suruali: rangi inasema jambo, na upande unasema jingine. Hereni moja. Kofia ya ngozi. Funguo. Alama hizi zilizaliwa katika miaka ambayo kumuuliza mtu kwa mdomo kungeweza kukupeleka rumande. Siku hizi rumande haiko karibu kama zamani, lakini alama zimebaki, zimenawiri, na watu wanazivaa kwa mbwembwe kama vilemba vya arusi. Funguo za kushoto zinasema: mimi hupenda kuongoza faraghani. Za kulia zinasema: mimi hupenda kuongozwa.

Verlin, kwa maumbile na kwa furaha yake yote, ni mtu wa kulia.

Matokeo yake yalikuwa ya kuchekesha kwa kila mtu isipokuwa yeye. Wanaume wapole walimfuata baa, wakamtazama nyonga, wakamtazama mabega, wakashusha macho kwa adabu. Walitarajia jemadari. Walimkuta mtu anayewauliza kama wangependa supu. Waliondoka wakiwa wameshiba na wamechanganyikiwa. Wale ambao yeye angewapenda walimpita kama lori lipitavyo njia panda iliyofungwa.

Kwa nini asizihamishe tu? Alijaribu, mara moja, Jumanne moja ya mwaka 1975. Saa nne asubuhi aliitwa kwa mwanamke aliyejifungia nje huku maharage yakiungua jikoni. Verlin akafika mbio, mkono ukaenda kushoto kama ulivyozoea, ukakuta suruali tupu. "Nimeibiwa!" akapiga kelele, akakimbia nusu ya mtaa akimfukuza mwizi ambaye hayupo, huku funguo zikimlilia upande wa pili. Maharage hayakuokoka. Tangu siku hiyo aliziacha funguo mahali pake na kujiambia kwamba mtu mzima hapaswi kuzungumza kwa kiuno.

Hilo lilimtosha hadi alipokuja Corwin Tibbets.

Corwin ni seremala kutoka Maine, mrefu, mwenye mikono iliyojaa makovu madogo ya patasi. Kazi yake ni kuzifufua zile nyumba za mbao za karne iliyopita: anabandua rangi ya kijivu ya miaka ya vita, anachonga upya nakshi zilizooza, anazirudishia bluu na dhahabu zake. Kila Alhamisi alileta dukani kufuli la zamani lililofungwa kwenye gazeti, akaliweka kaunta taratibu kama mtu anayelaza mtoto.

"Haugen, mzee huyu amekataa kusema."

"Ana miaka mingapi?"

"Nyumba ni ya 1889."

"Basi mpe heshima yake. Usimharakishe. Mwache mpaka Alhamisi."

"Alhamisi nitakuja."

"Najua utakuja."

Maongezi yao yalikuwa hayo. Yalidumu miezi kumi na moja. Verlin aliyarudia kichwani wiki nzima, akiyapanga upya, akiongeza maneno ambayo angeyasema kama angekuwa mtu mwingine. Lakini kila Corwin alipogeuka kutoka, Verlin aliona kitu kilichomnyima maneno hayo: kitita cha funguo za nyumba anazozikarabati, upande wa kushoto.

"Fahali wawili hawakai zizi moja, mwanangu," Osgood, mwenye duka la mashine za kufulia pale jirani, alimwambia Verlin. Osgood ni mzee wa miaka sitini na mbili kutoka Savannah, ana pete tatu katika kila mkono na humwita kila mwanaume wa mtaa huo ama mwanangu ama shoga, kutegemea kama anatoa ushauri au anatafuta umbea. "Yeye kushoto, wewe kushoto. Mtabaki mnasukumana mlangoni, kila mmoja anamwambia mwenzake, pita wewe, pita wewe."

"Mimi si fahali, Osgood."

"Mimi najua. Nyonga yako haijui."

Hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa majira ya kuchipua ya 1977, Nestor Pappas alipoingia dukani na kamera yake.

Nestor alikuwa na miaka ishirini na minane, shahada mbili, na jambo moja kichwani. Alitaka kupiga picha za alama za mtaa ule na kuziandika maana zake juu ya picha yenyewe, kwa herufi za kubandika na mishale, kama mchoro wa ua kwenye kitabu cha biolojia: hii ni petali, hiki ni kikonyo, hii ni leso ya bluu. Mpiga picha wa kawaida anataka mtu wake apendeze. Nestor alitaka mtu wake asomeke. Ukuta mweupe, mwanga usio na mzaha, hakuna tabasamu, na mara nyingi hakuna hata uso.

"Nimepata leso zote, nimepata hereni," alisema. "Kilichobaki ni funguo. Watu wananiletea vifunguo viwili vya sanduku la posta. Nataka kitita cha kweli, kaka Verlin. Chako kina uzito."

"Kitita changu ni cha kazi."

"Vyote vilianza kuwa vya kazi. Kofia ya ngozi ilikuwa ya pikipiki. Leso ilikuwa ya jasho. Ndiyo maana nazipiga picha."

Verlin alijua angepaswa kukataa. Lakini hakuna mtu aliyewahi kuomba kumpiga picha tangu picha ya darasa la nane, na Nestor alishaanza kupima mwanga. Akageuka, akasimama mbele ya ukuta. Ilichukua dakika nne. Jioni ile ndipo alipoielewa hasara yake. Picha ya nyonga yake ingetundikwa ukumbini na mshale: KUSHOTO, ANAYEONGOZA. Hakukuwa na mtu Castro asiyeufahamu mlio wa kitita kile, seuze umbo lake. Kosa alilolivaa miaka yote kwa sababu ya mfuko wa vifaa sasa lingepigwa chapa. Na Corwin, aliyekuwa akimtengenezea Nestor fremu za mbao, alikuwa ameahidi kuja.

Maonyesho yalipangwa kufunguliwa Jumapili saa nane mchana, katika ukumbi mdogo juu ya duka la taa. Jumamosi asubuhi, saa tatu, Nestor akampigia Verlin simu: kufuli la ukumbi limekwama, picha zote ziko ndani, yeye yuko nje na andazi mkononi.

Verlin alilifungua kwa dakika moja. Ndani, picha ishirini na mbili zilikuwa zimesimamishwa sakafuni, zimeegemea ukuta. Alizipita polepole, mikono nyuma, kama mtu anayekagua gwaride. Kwenye ile ya tisa akasimama.

Hakuutazama mwili wake kwanza. Fundi wa kufuli hutazama ufunguo. Uliokuwa mbele kabisa katika kitita, mkubwa, umetoka wazi kuliko yote, aliujua kama unavyoujua mwandiko wa mamako; aliuchonga mwenyewe. Na ufunguo ule haukuwa wake. Kila ufunguo una mfereji ubavuni, na mfereji huo ndio unaouruhusu kuingia kwenye tundu lake. Mfereji wa huu ulikuwa upande usiofaa. Huu ulikuwa ufunguo ambao hakuna kiwanda kilichowahi kuutengeneza, usioweza kufungua mlango wowote duniani, isipokuwa labda mlango ulio ndani ya kioo.

Ndipo akaelewa. Nestor aliigeuza filamu. Aliiweka kwenye mashine ya kukuzia picha, tumbo juu, mgongo chini, na picha ikatoka kama inavyotoka katika kioo. Kwa kuwa alikuwa ameipunguza kingo hadi ikabaki nyonga tu, mfuko mmoja, mkanda na funguo, hapakuwa na herufi wala kifungo cha kumsuta.

Ni kosa ambalo wangeweza kulifanya wengi, lakini Nestor alikuwa na sababu ya ziada. Hajui kushoto na kulia. Tangu shule hajui. Hufunga uzi mwekundu kwenye kifundo cha mkono wa kushoto ili aweze kumwelekeza dereva wa teksi. Uzi huo huuvua anapoingia chumba cha giza cha kusafishia picha, usije ukalowa dawa.

Kwa hiyo pale ukutani, juu ya herufi safi zilizosema KUSHOTO, mshale ulielekea kwenye nyonga ya kulia. Na nyonga ile ya kulia, kwa mara ya kwanza tangu mwaka 1974, ilikuwa inasema kweli.

"Vipi, kaka?" Nestor aliuliza akitafuna. "Umejipenda?"

"Nyonga nzuri," Verlin alisema.

"Nyonga tamu kabisa! Njoo kesho mapema."

Akatoka.

Osgood alikuwa akikunja mashuka Verlin alipoingia. "Una uso wa mtu aliyemeza tupa," alisema. "Kaa. Sema."

Verlin akakaa juu ya kikapu cha nguo na kumweleza yote. Osgood aliliachia shuka likaanguka.

"Na umemwambia?"

"Sijamwambia."

"Usimwambie! Shoga, hebu fikiri kidogo. Mungu mwenyewe kaingia chumba cha giza akakugeuzia nyonga, halafu wewe uende kumrekebisha? Corwin atafika kesho, ataona funguo zako kulia, atajua. Kazi imekwisha. Mimi nitatafuta suti."

"Maandishi yanasema kushoto."

"Nani anasoma maandishi? Watu wanatazama makalio."

"Wengine watasoma. Watamcheka Nestor. Walimu wake wa chuo wanakuja."

"Nestor ana shahada mbili, zitamfuta machozi." Osgood aliokota shuka. "Wewe yako umeyafuta kwa kitu gani? Kwa fulana. Miaka mitatu. Nyamaza, mwanangu. Kunyamaza si dhambi."

Verlin alirudi dukani ameamua kunyamaza. Alijisikia vizuri kwa muda wa saa moja na nusu. Kisha akaitwa kwa Bi Fogarty, mjane wa Kiayalandi wa Mtaa wa Noe, ambaye husahau ufunguo wake kila anapokwenda kanisani. Alimfungulia mlango, akanywa chai yake, na wakati wa kutoka, kama alivyofanya kwa watu elfu tatu kabla yake, alisema, "Mama, dirisha lako la nyuma halina komeo. Nimeliona. Nitakuja kulitia."

"Ungeweza kuninyamazia tu," Bi Fogarty alisema akicheka. "Ningelala kwa amani."

"Siwezi, mama. Nikiona, lazima niseme."

Alisimama barazani kwa Bi Fogarty akiyasikia maneno hayo yakimrudia. Kisha akashuka mlima kuelekea kwa Nestor, akimlaani mjomba wake wa Minot, aliyemfundisha kazi na heshima ya kazi kwa pamoja, kiasi kwamba sasa hawezi kuvitenganisha.

Nestor alikuwa anapiga pasi shati la ufunguzi.

"Picha ya tisa umeigeuza," Verlin alisema bado yuko mlangoni.

"Nimeigeuza vipi?"

"Kulia kushoto. Kushoto kulia. Ule ufunguo haupo duniani, Nestor."

Nestor aliutazama mkono wake wa kushoto, akautafuta uzi, akaupata, akautazama tena kama mtu anayehakikisha saa. Rangi ikamtoka usoni. Kisha akaketi sakafuni na kuanza kucheka, kicheko kile cha mtu aliyenusurika kugongwa na gari.

"Mimi ndiye niliyejitolea kuufundisha mji mzima kusoma kushoto na kulia," alisema. "Mimi!"

"Ndiyo hivyo. Na shati lako linaungua."

Chumba cha giza kilikuwa bafu lake, gazeti limebandikwa dirishani. Walijibana humo mchana kweupe, Verlin amekaa juu ya kifuniko cha choo, Nestor ameinama juu ya beseni chini ya taa nyekundu, filamu safari hii ikikaguliwa na fundi wa kufuli kabla ya kuwekwa. Karatasi ikazama kwenye dawa. Kwanza hapakuwa na kitu. Kisha mkanda, kisha mfuko, kisha meno ya funguo, moja baada ya jingine. Nyonga ya kushoto ikapanda kutoka kwenye weupe na kukaa.

"Ndiyo huyo," Nestor alisema. "Ndiye wewe."

"Ndizo funguo zangu," Verlin alisema. "Mimi siye."

Labda ni giza lililomsaidia. Akaeleza: mfuko wa vifaa, supu, maharage, Corwin. Nestor hakumkatiza, jambo lisilo la kawaida kwake. Alipomaliza, Nestor aliinua kichwa na macho yake yaling'aa hata katika mwanga ule mwekundu.

"Basi turudishe ile iliyogeuka. Nibadilishe herufi tu, niandike KULIA. Nani atakayejua? Itakuwa picha ya kweli kuliko zote ishirini na mbili."

Verlin alifikiri. Anasema alifikiri kwa muda mrefu. Nestor anasema ilikuwa kama sekunde kumi.

"Hapana. Siku ile nilisimama hivyo, na picha isimame hivyo. Kama nyonga yangu ina uongo, nitairekebisha mwenyewe. Sitamwachia mtu wa chuo anirekebishie bafuni."

Jumapili jua lilitoka mapema, ukungu ukajikunja nyuma ya vilima vya Twin Peaks na kukaa huko kwa staha. Verlin alivaa shati la mistari, akaacha mfuko wa vifaa mezani, akachukua funguo thelathini na moja na kuzibana kwenye mkanda, upande wa kulia. Alitembea hadi ukumbini akihisi kama aliyevaa viatu vya mtu mwingine. Kila hatua ilitoa mlio mahali pageni. Wanaume wawili waliokuwa wakila mayai kwenye meza ya nje ya mgahawa waligeuka, wakamtazama nyonga, wakatazamana. Mmoja akaangusha uma.

"Umeona?" Verlin alimsikia akinong'ona. "Umemwona Haugen?"

Kufikia saa nane na nusu ukumbi ulikuwa umejaa. Watu walisimama mbele ya picha za leso na kujipapasa mifuko ya nyuma. Walimu wa chuo walitikisa vichwa mbele ya mishale. Mtu mmoja mwenye hereni aligundua amekuwa akiivaa kimakosa tangu Krismasi na alikuwa akiihamisha pale pale, akiomba kioo. Osgood, kweli amevaa suti, suti ya rangi ya zambarau, aliketi karibu na meza ya divai na mkate akikagua kila aingiaye. Alipomwona Verlin, alitazama nyonga yake, akaweka mkono kifuani na kumwinulia glasi.

Corwin alifika saa tisa kasorobo, amechana nywele. Verlin, aliyesimama kando ya picha ya tisa kama mlinzi, alitazama mkanda wake. Kushoto: hakuna kitu. Kulia: hakuna kitu.

Hakuwa amejiandaa kwa hilo. Ilikuwa kama kufika kwenye mlango usio na tundu.

"Haugen," Corwin alisema. Akatazama picha, akamtazama Verlin, akatazama tena picha. Paji likakunjamana. "Umehamisha funguo."

"Nimehamisha."

"Mkono umeumia?"

"Mkono hauna kitu."

"Nilidhani umeteguka. Mimi nilipoteguka mkono mwaka juzi nilihamisha nyundo." Alisogea karibu. "Una hakika?"

"Zako ziko wapi?" Verlin aliuliza, na sauti yake ilitoka kali kuliko alivyokusudia.

"Zangu? Leo Jumapili. Ziko nyumbani kwenye msumari. Mimi ni seremala, Verlin, si askari jela."

"Lakini siku zote ziko kushoto."

"Kulia kuna nyundo." Corwin alisema hivyo kama mtu anayesema kwamba mvua hunyesha kutoka juu. "Ningeziweka wapi?"

Verlin alimtazama. Alikuwa mtu aliyesomwa vibaya miaka mitatu kwa sababu ya mfuko wa vifaa. Kama kuna mwanaume mmoja San Francisco aliyepaswa kujua kwamba funguo huweza kukaa kushoto kwa kukosa nafasi kulia, alikuwa yeye. Na kwa miezi kumi na moja alikuwa ameisoma nyonga ya seremala neno kwa neno, akaiamini, akalia.

"Hukujua maana yake?"

"Nimejua leo. Hapa." Corwin alionyesha ukuta kwa kidole chenye kovu. "Nilitengeneza fremu, sikuziona picha. Nusu ya haya sikuyajua. Sasa naelewa kwa nini watu wananipisha baa." Akaigeukia picha ya tisa. "Kwa hiyo hapo inasema wewe ni kushoto."

"Picha iko sawa. Nilisimama hivyo." Verlin alihisi masikio yake yakiwaka moto, lakini mlango ulishaanza kusogea na hajawahi kuacha mlango nusu. "Aliyekosea ni mimi. Mimi ni wa kulia, Corwin. Nimekuwa wa kulia tangu Dakota. Nimezihamisha ili wewe uone, na wewe umeniuliza kama nimeteguka mkono. Basi nakuambia kwa mdomo. Nakungoja kila Alhamisi. Nafagia duka kwa ajili ya Alhamisi."

Nyuma yao Osgood alisema, kwa sauti iliyofika hadi duka la taa, "Hatimaye!" na mtu akamfinya.

Corwin aliinamisha kichwa. Alipokiinua alikuwa mwekundu hadi shingoni.

"Lile kufuli la wiki iliyopita," alisema, "halikuwa na kasoro."

"Nilijua. Lilifunguka nilipoligusa."

"Hata la kabla ya hapo."

"La kabla ya hapo ulilitia mchanga. Nilidhani hujui kufuli."

"Nimetundika milango miaka kumi na mitano! Nilitia mchanga mwenyewe, kwa kijiko. Nimemaliza kufuli zote mbovu za Mtaa wa Noe tangu Februari, Verlin. Nimeanza kuharibu nzima."

Verlin alicheka. Wanaomfahamu wanasema hawakuwa wamewahi kumsikia akicheka kwa sauti. Ni kicheko kikubwa, cha mtu mpana, na kiliwafanya walimu wa chuo wageuke.

"Ungeniambia tu," alisema.

"Uliniambia nisimharakishe mzee."

Walisimama hivyo, mabega yamegusana, wakitazamana kwa furaha na bila aibu, na hawakujua ni muda gani umepita hadi Nestor alipofika akiwa na glasi mbili na uzi wake mwekundu, akawapiga begani wote wawili.

"Jamani, sogeeni. Mmeziba picha. Kuna foleni ya watu wanaotaka kusoma."

"Tusogee upande gani?" Corwin aliuliza.

Nestor alifungua mdomo, akautazama mkono wake, akakata tamaa. "Wowote," alisema. "Ilimradi mtoke."

Wakatoka. Walishuka ngazi, wakapita duka la taa, wakaingia kwenye jua la saa tisa, na Corwin akauliza kama Verlin amekula. Hajala tangu Ijumaa, Verlin alisema, na wakaenda kutafuta kaa na mkate mchachu huku kila mmoja akieleza, wote kwa wakati mmoja, kufuli lipi lilikuwa gumu zaidi kuliharibu na lipi lilikuwa gumu zaidi kujifanya umelitengeneza.